Siku Wachimbaji Walipokula kwa Kijiko

Wachimbaji dhahabu wa Lusangi, wakiona moshi juu ya kibanda cha Mama Dieudonnée, hujua bukari, ugali wao, iko njiani. Naye amewajua kwa namna wanavyokula. Aliyepata kitu shimoni humega tonge kubwa na kusema ovyo. Aliyekosa hula upesi, macho chini.

Bisimwa, kijana aliyetoka Bukavu, hakuwa akila kabisa. Tangu juzi alikaa na wenzake kwenye sinia, akanywa maji, mkono wa kulia umo ndani ya koti.

"Weye Bisimwa, unangojea sambaza, zile samaki ndogo za ziwa ya kwenu?" Ramazani, mkubwa wa shimo, alimtania. "Ao bukari yetu haiingie mu tumbo ya watu wa Bukavu?"

Wenzake wakaangua kicheko. Dieudonnée hakucheka. Mwenye kiburi hukipa chakula kisogo. Huyu alikuwa akikitazama. Wengine walipoondoka, akamwita Bisimwa amsaidie kuinua sufuria. Kijana akatoa mkono wa kushoto peke yake.

"Onesha ule mwengine, mwanangu."

Ulikuwa umevimba. Jiwe liliuchana, na kidonda kilianza kunuka. Hakuweza kumega tonge, na kutia mkono wa kushoto katika sinia la watu ni kuwatukana.

"Mama, usiseme. Ramazani akijua, ataweka mutu mwengine pahali yangu."

"Na mukono ukioza, utachimba na nini? Na meno?"

Kesho yake hakusonga bukari. Alipika mchele wa Kasongo, akampa kila mtu sahani yake na kijiko. Wanaume walinung'unika kwamba wamegeuzwa wagonjwa, lakini wakala. Bisimwa alishika kijiko kwa kushoto, akala mpaka akakwangua sahani.

Ramazani aliona. Kabla hajasema neno, Dieudonnée akaketi karibu naye.

"Baba Ramazani, mutoto anaumia. Akienda ku hospitali, pahali yake mu shimo itabakia?"

Ramazani alitafuna kwanza. "Mama, unanijaza wali mu kinywa, kisha unaniuliza. Nitakataa na kinywa gani?" Akasimama. "Bisimwa! Panda pikipiki, twende. Shimo haikimbie."

Walirudi jioni, mkono umefungwa bendeji. Bukari ilikuwa tayari. Dieudonnée akamega matonge madogo, akayapanga pembeni mwa sinia, upande wa Bisimwa, ayaokote kwa kushoto bila kugusa chakula cha wenzake.

"Muangalie bibi-arusi wetu!" mmoja akasema.

Ramazani akamsogezea kijana bakuli la sombe, majani ya muhogo yaliyopikwa.