Koti Langu Lilinifuata Kikaoni

Nimechoka, jamani, lakini wacha niseme. Mimi ni karani wa kampuni ya basi hapa Busia. Tangu sabuni iadimike Uganda, wachuuzi wanavuka mpaka alfajiri, na basi letu na la mpinzani wetu hugombania abiria wa Malaba saa ile ile. Juzi tajiri wangu alinituma Malaba, mbele ya bodi ya leseni, niombe ratiba ibadilishwe ili sisi tutangulie.

Nikapanda basi letu. Dereva akakataa kutoka mpaka lijae.

"Bwana karani, kwani nitabeba viti?"

Saa ya kikao ikakaribia. Nikateremka kimyakimya, nikarukia basi la mpinzani likitoka.

Mbele ya bodi nikaapa kabisa: "Waheshimiwa, basi letu halijui kuchelewa. Hilo lingine si la kutegemewa."

Mwenyekiti akachukua kalamu aandike. Hapo mlango ukafunguka, akaingia kondakta wa mpinzani na koti mkononi.

"Samahani boss, umesahau koti kwenye basi letu. Dereva anauliza, utarudi na sisi ama utangoja lenu lifike?"