Kiondo cha Nchi ya Ivinda

Tarehe 14 Oktoba, 1975. Mawingu yalikuwa yameshuka juu ya Kibwezi tangu juzi lakini mvua haikunyesha. Ni upepo tu, na vumbi. Nilipanda lori lililokuwa likienda kuchukua mbuzi Mutomo, kwa sababu shangazi yangu Kalekye aliniambia, "Nduku, kaniletee kiondo changu kabla sijasahau njia."

Lazima nikieleze hicho kiondo, na sijui kama nitaeleza vizuri, maana shule niliachia darasa la saba. Ni ramani. Shangazi na wenzake wa mwethya, kikundi chao cha kuchimba matuta, walibuni nchi isiyokuwepo wakaiita Ivinda, maana yake wakati. Huko hakuna maili. Kila mstari wa kiondo ni saa, kuanzia kitakoni ambako ni alfajiri, na rangi ya mstari ni lugha inayosemwa saa hiyo. Wakipumzika, mmoja wao anakuwa msafiri. Shangazi humsimamisha kwa lugha ya hapo, Kikamba, Kiswahili au Kitaita, na asiyejua kujibu hurudishwa alfajiri na kuchekwa. Juu hakikuwa na ukingo. Nyuzi ziliachwa zimesimama, kwa sababu saa za mbele zilikuwa hazijafikiwa na mtu.

Rafiki yake Mwikali wa Mutomo, mama yake Muli, alikiazima akawafundishe akina mama wa kwao, akaahidi kukirudisha baada ya mavuno. Mavuno yakapita, na mengine yakapita. Katikati ya hapo macho ya shangazi yakaisha. Sasa nchi ile angeweza kuitembea kwa vidole tu, na vidole havikuwa na kitu cha kushika.

Njiani dereva aliniuliza nafuata nini Mutomo.

"Kiondo."

"Kwani Kibwezi viondo vimekwisha?"

Tulipovuka daraja la Athi maji yalikuwa machache. Nilikuwa nimepanga maneno makali ya kumwambia Mwikali, kisha nikayafuta. Pengine aliugua. Pengine mimi ndiye mwepesi wa hasira.

Mutomo, alasiri. Mwikali alinipokea vizuri, hilo siwezi kulificha. Alinipa maji ya kunawa na uji, ndipo akaleta kiondo kwa mikono miwili. Kilikuwa kimejaa pojo, kwa sababu kwetu hakuna anayerudisha kiondo cha mwenzake kikiwa kitupu. Lakini sikutazama pojo. Kilikuwa na ukingo. Ngozi ilishonwa imara mdomo wote, na mkanda wa kubebea juu yake. Zile nyuzi zilizosimama zilikuwa zimekatwa.

"Mama Muli, mmefanya nini hapa?"

"Tumemmalizia," Mwikali akasema. "Tulisikia macho yameenda. Tukasema tukimrudishia kazi nusu itakuwa aibu yetu. Ngozi ni ya mbuzi wangu mwenyewe."

"Lakini nyinyi mliitembea hii nchi. Mlijua kwa nini iko wazi."

"Tuliitembea, mwanangu, na kila siku tunaachwa njiani, haina mwisho. Tukaona jua litue, watu walale."

"Mlimwuliza?"

Jirani yake, aliyekuwa akisokota uzi mlangoni, akadakia, "Kwani mtu akikufulia nguo anakuuliza?" Wakacheka.

"Ukinifulia nguo hukati mikono yake," nikasema. Hapo hawakucheka.

Kesho yake nilirudi na lori lile lile, mbuzi wakinikanyaga miguu. Ningependa Mwikali awe mtu mbaya. Ngozi nzima, mwaka wa ukame kama huu, si zawadi ndogo. Nilijaribu kupoa kwa ajili ya hiyo ngozi, nikashindwa.

Kibwezi, jioni. Shangazi alikuwa ameketi nje. Nilimwaga pojo kwenye ungo, nikampa kiondo. Alianza kitakoni. "Alfajiri. Hapa Wataita. Hapa wale wanaogombania maji." Alikuwa anatabasamu. Kidole kikafika kwenye ngozi, kikasimama.

"Nani amefunga?"

Nikamwambia yote, pamoja na habari ya mbuzi, maana ni haki isemwe.

"Mwikali ana roho nzuri," akasema. "Lakini yaliyoisha ni macho. Nani alimwambia safari imeisha? Lete kisu."

Nilikata ngozi yote. Akaomba mkonge, akapandisha rinda, akaanza kusokota nyuzi pajani na kuziunga kwenye vile vipande vilivyokatwa, kimoja kimoja. Zinaunganika. Pale pa kuunga patabaki na uvimbe.

"Mstari mpya wa kwanza ni mweusi," akasema. "Saa ya watu wa kufunga."

"Lugha yao ni gani?"

"Wanasema pole tu. Msafiri akijibu asante, arudi alfajiri."

"Na anayetaka kupita asemeje?"

"Aseme, 'Ungeniuliza.'"

Nilichojifunza hakizidi neno hilo, na nilikuwa nalijua kabla sijaondoka.

Usiku ule tulikula ugali kwa zile pojo za Mutomo. Shangazi aliongezewa. Nami nilikula. Zilikuwa tamu, na hilo likaniudhi zaidi.