Ng'arang'ara wa Bahari ya Masizi

Ngoja nianze na kuku, maana bila yule kuku sijui nitaingilia wapi. Alikuwa kuku wa Cucu, nyanya yangu, mwekundu, mguu mmoja umepinda, na tabia yake mbaya ilikuwa kukataa kutaga kwetu. Kila asubuhi alipenya ua wa miiba akaenda kutaga chini ya kitanda cha jirani. Hiyo ilikuwa Naro Moru, miaka ile bendera yetu bado ni mpya na wazee wanaitazama kama mtu anavyotazama ng'ombe aliyenunua juzi. Mimi niliishia darasa la tatu, kwa hivyo nikipotea njia univumilie. Kuku mwenyewe tulimla Krismasi. Mgumu kama kamba.

Basi, msichana anayetumwa yai ni mimi. Jirani alikuwa mpagazi, wale wa kubebea wageni mizigo mlimani, mpaka baridi ikamla vidole vya miguu akaacha kazi. Akiniona tu mlangoni anapiga kelele: "Kuku yenu imezaa kwangu tena, na mimi hata sijaoa! Watu watasema nini?"

Ndugu yake mdogo naye alikuwa mpagazi. Siku moja walipanda pamoja, ukungu ukashuka, akarudi mmoja. Kila mtu alilijua jambo hilo na hakuna aliyelitaja. Jirani mwenyewe alilitaja kwa njia yake, msimu wa kupukuchua mahindi.

Mahindi yakikauka, majirani walikuja kwetu jioni, jua likiwa bado liko juu ya Nyandarua. Kidole gumba kinatoka malengelenge, moshi wa magunzi unakuuma macho, viazi viko kwenye jivu. Jirani hakupukuchua. Kazi yake ilikuwa hadithi. Anasema, "Semeni itha!" nasi tunajibu, "Itha!" Akifika mahali pazuri anaita tena, tunajibu tena. Kwetu hadithi ni ya watu wawili, anayesema na anayeitikia. Cucu alizoea kusema kwamba hadithi bila itha ni kubisha hodi kwa watu waliohama.

Hadithi yake ilikuwa hii: ati kuna dunia ingine, inaitwa Mbiro, yaani masizi. Haina jua. Bahari yake ni nyeusi kama chini ya sufuria, na ndani anaishi Ng'arang'ara, mnyama mkubwa kuliko lori la viazi, ngozi yake inawaka polepole kama kaa linalopulizwa. Hakuna kati yetu aliyewahi kuona bahari. Mimi niliiwaza kama bwawa la kunyweshea ng'ombe, ila halina ng'ambo. Mgongoni mwa Ng'arang'ara ameketi kijana aliyepotea kwenye ukungu, na mnyama anamrudisha kwao, kila msimu karibu kidogo. Lakini Ng'arang'ara anawaka tu akisikia watu wa nyumbani wakiitikia. Wakinyamaza, anazima. Kwa hivyo tulipiga itha hadi mbwa wanabweka.

Mwaka mmoja jirani alituambia, "Kijana ameona moshi wa kwao. Kesho anashuka." Na macho yake yalikuwa na maji.

Sasa shida ni shule. Mapema wiki hiyo, kabla jirani hajasema hivyo, mwalimu aliuliza jina la mnyama wa baharini, nami, ambaye sijawahi kuinua mkono, nikainua. "Ng'arang'ara!" Mwalimu alicheka mpaka akavua miwani. "Huyo anauzwa soko ya Karatina ama Kiganjo?" Njia yote ya kurudi nyumbani watoto wakanifuata: "Ng'arang'ara, washa taa tuone njia!" Siku nne hivyo. Aibu ya mtoto ni kitu kikali, na inatafuta mtu wa kuibeba.

Jioni ya kijana kushuka, upepo ulikuwa mzuri, watu wazima wakawa nje wakipepeta. Ndani tulibaki watoto na yeye. Nilipita nikimfinya mmoja mmoja: "Akiita itha, mtu asijibu."

"Semeni itha!"

Mahindi yalilia kwenye debe, basi. Akatabasamu. "Baridi imekula ulimi? Semeni itha!" Mtoto wa dada yangu akafungua mdomo, nikamkanyaga. Mara ya tatu alinitazama mimi peke yangu, akaita polepole, kama mtu anayeomba maji.

"Sema itha, mama."

Nikaendelea kupukuchua.

Siku hizi kuna mashine, inamaliza gunia kabla chai haijapoa, na hakuna anayehitaji jirani. Bahari nayo nimeiona, mjukuu alipoolewa Mombasa. Niliingiza miguu nikasema itha, kwa sauti, mara tatu. Watu waligeuka kuniangalia. Waangalie. Nilikuwa nimechelewa miaka hamsini.

Jioni ile jirani alichukua blanketi lake akatoka. Nje Cucu akamuuliza, "Uji iko karibu, unaenda wapi na wewe?"

"Wacha nikamtafute mwenyewe," alisema. "Hapa hawamwiti."

Alitembea kwa visigino, vile anatembea mtu asiye na vidole. Akapita mlango wake bila kuufunga, akashika njia ya mlimani. Asubuhi kuku alitaga pale pale, nikaokota yai, na hakuna mtu aliyenitania. Jirani hakurudi.