Kengele ya Moshi ya Mama

Dada yangu alikuwa nesi ng'ambo. Aliporudi likizo mwaka ule, hakumletea Mama kitambaa wala viatu. Alimletea kengele ya moshi, kidude cheupe cha plastiki kinacholia moshi ukiingia ndani, akakifunga mwenyewe kwenye dari ya sebule yetu, kijijini karibu na Roret. Jiko la Mama lililoezekwa kwa nyasi liliwahi kuungua mbuzi wakiwa ndani, na dada hakuwa amesahau.

Miezi kadhaa baada ya yeye kuondoka, nilifika nyumbani kutoka shuleni nilikokuwa nikifundisha, nikamkuta Mama ameketi chini ya kile kidude. Kikapu chake cha kuchumia majani chai kilikuwa kitupu.

"Sikiliza," alisema.

Tukanyamaza. Kisha: twi! Mlio mfupi, mkali, kama wa kifaranga aliyekanyagwa. Kimya. Halafu twi! tena.

"Moshi hakuna, na bado kinalia. Dada yako ni mgonjwa. Kinaniambia."

Jirani alikuwa amejitolea kuking'oa, Mama akamfukuza. Macho yake yalikuwa yamevimba, nami sikuweza kucheka. Nilipanda juu ya meza, nikakizungusha mpaka kikatoka. Nyuma yake kulikuwa na maelezo ya Kiingereza, nikamsomea kwa lugha yetu: betri ikianza kuisha, kidude hulia kidogo kidogo ili mwenyewe aibadilishe.

"Betri tu?"

"Betri tu, Mama. Moshi ukiingia hakilii hivi. Hupiga kelele mfululizo mpaka uzibe masikio."

Asubuhi tulienda sokoni. Betri za tochi zilijaa kila duka, lakini hii ilikuwa ndogo ya mraba, na tuliipata kwa fundi wa redio. Kabla sijaitia, Mama alichukua brashi laini akapangusa vitundu vya pembeni vinavyopitisha moshi, maana buibui alikuwa amejenga humo, na vumbi nalo huweza kukifanya kilie bure. Nilipokirudisha darini, nilimwonyesha kitufe cha kujaribia. Alikibonyeza kwa mpini wa mwiko. Kidude kikapiga yowe, kuku wakatimka uani, Mama akashika kifua na kucheka mpaka akakaa chini.

"Uwe unakijaribu hivyo kila mara," nilimwambia.

"Nitakijaribu. Sasa nipeleke kwenye simu ya posta, nimpigie dada yako."

"Lakini Mama, umeona ni betri."

"Betri nimeiona. Mtoto wangu sijamwona."

Tukarudi sokoni, tukapanga foleni posta. Dada alipoitikia, Mama alisahau yote aliyopanga kusema. Alilia kidogo, kisha akauliza kama huko kuna baridi. Dada akasema ipo, ila amevaa sweta.

Njia nzima ya kurudi, Mama alitaka kujua nadhani sweta hiyo ni ya rangi gani.