Masikio ya Kupido

Kila binti wa mji wa Ferrara mwenye jamaa wenye uwezo alikwenda kwa mumewe na kasha la arusi lililochorwa, na kila kasha lililotoka kwa Fundi Nascimbene lilikuwa na masikio ya Zanino.

Zanino alikuwa na miaka minne fundi alipomsimamisha juu ya pipa, akamchora awe Kupido, mungu wa mapenzi wa watu wa kale: mabawa, upinde, mashavu, na masikio yaliyosimama kama vishikio vya chungu. Karatasi ya mchoro ule ikatobolewa matundu madogo madogo. Ukiiweka juu ya ubao wa kasha na kuipigapiga kwa kifuko cha vumbi la mkaa, anatokea Kupido yule yule. Sasa Zanino ana miaka thelathini na sita na kipara, na kazi yake katika karakana ile ile ni kupigapiga kifuko. Kila wiki anajizaa mara mbili.

"Wee Kupido!" waliita wachinjaji. "Mke wangu kaninunia tangu Pasaka. Mshale ulikuwa butu?"

"Mwache, mabawa yamenyonyoka pamoja na nywele!"

Ili asitambulike, Zanino aliwahi kumchorea Kupido kitambaa machoni, maana wasomi husema mapenzi ni kipofu. Kitambaa kikayasukuma masikio nje zaidi.

Yote hayo angeyavumilia, ila alimpenda Orsina, binti wa mshona matandiko ya farasi, na Orsina alimkubali. Baba yake, Mzee Polidoro, akaweka sharti.

"Simwozi binti yangu kwa mtu anayechekwa kwenye kila kasha. Ichome ile karatasi, mwanangu, ndipo tuzungumze."

Zanino akaenda kwa fundi, kofia mkononi.

"Karatasi hii imenipatia fedha za kuwaoza mabinti watatu," alisema Nascimbene. Akaiinua kwenye mwanga. "Lakini imechakaa. Matundu yamekuwa mapango. Chukua, kaichome."

"Mungu akubariki, Bwana Fundi."

"Mwanao wa kwanza akifika miaka minne, utaniletea."

Jioni ile Zanino aliyaeleza yote katika duka la matandiko, amesimama kati ya hatamu zilizoning'inia. Orsina alishusha sindano.

"Tutaomba mtoto wa kike."

"Nilimwambia hivyo. Akasema si neno, karatasi zake za malaika nazo zimechakaa."

"Na akizaliwa na masikio yangu?"

"Nilimwambia hivyo pia. Akacheka. Anasema ameishi Ferrara miaka sitini, na hajaona masikio haya yakishindwa."

Mzee Polidoro alikohoa, akajishughulisha na gundi.

"Kwa hiyo ukamjibu nini?" aliuliza Orsina.

Zanino akafungua kiganja. Kilikuwa na majivu.

Mzee Polidoro, mtu wa kutimiza neno lake, akaenda kuleta divai. Orsina alibaki akiyatazama yale masikio, kwanza la kulia, kisha la kushoto.