Sauti ya Fundi wa Kasenga

Kabla ya kuimba, fundi cherehani wa Kasenga huvua viatu, huitoa futi shingoni na kuikunja taratibu, hunywa maji ya uvuguvugu. Kisha hunguruma kama kiboko, mpaka Laure, anayeirekodi albamu ya pili ya bendi ya fundi huyo ya death metal, muziki mzito wa kunguruma, anahisi kiti kikitetemeka. Laure hajawahi kushika hata neno moja la nyimbo hizo.

Leo jirani mmoja mzee alibisha hodi katikati ya wimbo. Laure akazima mitambo, tayari kuomba radhi kwa kelele. Bibi yule alimtazama fundi tu.

"Weye umeita Havyarimana. Mutoto wangu, ule maji ilibeba."

Fundi akainamisha kichwa. "Minye nabaita bote benye mafuriko ya ile mvua ilibeba, mama."

Bibi akavua viatu, akaketi.

"Muite tena."