Mshipi Uliobaki Msumarini

Jumanne, tarehe 14 Mei 1996. Asubuhi ukungu, alasiri mvua ya mawe kwa muda mfupi, kisha manyunyu mpaka jioni.

Mawe hayo yalipasua majani machanga ya chai katika mashamba yote ya upande wetu wa Kapkatet. Hakukuwa na la kuchuma, na hivyo watu wengi walikuwa nyumbani wakati mgeni alipofika kwa jirani yangu Kipyegon.

Kipyegon alikuwa koplo wa polisi kwa miaka kumi na tatu. Kituo kimoja alichofanyia kazi sitakitaja. Mwaka wa 1993 aliletwa pale kijana aitwaye Calvince, mfanyakazi wa kiwanda cha chai, akishukiwa kuiba. Kipyegon ndiye aliyekuwa na zamu kwenye kaunta. Alifanya kama anavyofanyiwa kila mshukiwa kabla ya kuingia seli: alimvua viatu, akamvua mshipi, akautundika msumarini nyuma ya kaunta. Asubuhi Calvince alikuwa maiti. Mkuu wa kituo alisema kijana amejinyonga kwa mshipi wake. Kipyegon aligeuka, akauona mshipi ungali palepale msumarini.

Hakimu alipoanza kuchunguza kifo hicho, askari wengine walitoa maneno yaliyofanana. Kipyegon peke yake alisema alichokiona. Mwenzake Mosoti, ambaye pia aliuona mshipi, alimwahidi kwamba naye atasema siku ya pili ya kesi. Kabla ya siku hiyo Mosoti aligongwa na gari kando ya barabara, na gari halikusimama. Mpaka leo hakuna anayejua kama ilikuwa ajali. Kesi ikaahirishwa, ikaahirishwa tena, ikanyamaza. Kipyegon alipelekwa kaskazini, na mwaka uliofuata akaachishwa kazi bila sababu kuandikwa.

Alirudi nyumbani kwenye chai ya baba yake, akiwa na hofu iliyotutia hofu hata sisi. Hakukaa akiipa barabara mgongo. Hakusimama kandokando ya lami kungoja gari; alipita ndani ya chai mpaka alikokwenda. Akisikia Land Rover wakati wa kuchuma, alichuchumaa, na kwa kuwa chai inafika kiunoni, ulikiona kikapu tu, mtu humwoni. Alimfundisha mkewe Phyllis jambo moja: asiangalie koti la mgeni, aangalie viatu. Askari akivaa kiraia, alisema, hubadilisha kila kitu isipokuwa viatu.

Mgeni wa Jumanne hiyo alikuja kwa miguu, amelowa, koti la kijivu limemganda mwilini. Alisema anamtafuta Kipyegon aliyekuwa polisi. Phyllis alitazama chini. Viatu vilikuwa vyeusi, soli nene, na juu ya matope ncha zake bado ziling'aa. Kwetu wakati wa mvua kila mtu huvaa gambuti za mpira.

"Huyo alihamia Longisa," Phyllis alimjibu. "Ukimpata, mwambie hii ng'ombe yake inanitoroka kila siku."

Mgeni alisimama kidogo kwenye manyunyu, akamshukuru, akaondoka. Kipyegon alikuwa amechuchumaa ndani ya chai nyuma ya jikoni. Alisikia kila neno.

Mgeni alikuja moja kwa moja kwenye banda la kupimia majani, ambako mimi na wazee wachache tulikuwa tumejikinga mvua. Nasi tuliviona viatu. Alipomtaja Kipyegon, mzee mmoja alimwambia kwamba hapa ukirusha jiwe utagonga Kipyegon, kwa hivyo aseme ni yupi. Wengine walicheka. Mgeni hakucheka. Alisema yeye ni Otiende, bawabu wa kiwanda huko Kericho, na viatu tunavyovitazama ni vya kazi. Calvince alikuwa mtoto wa dada yake, Dolphine.

"Kesho saa tatu hakimu anasikiza kesi yetu tena," alisema. "Asipokuja yule koplo, itafungwa kabisa. Dada yangu amesema nisimlazimishe. Nimwambie tu."

Alipokwisha kupanda kuelekea barabarani, nilipita ndani ya chai mpaka kwa Kipyegon.

Nilimkuta jikoni. Nilipomweleza, alikiweka kikombe chini. Swali lake la kwanza lilikuwa kama mtu yule alikuwa peke yake. Nilimwambia ndiyo. Phyllis alifunika uso kwa leso.

"Nimemfukuza mjomba wa marehemu kwa sababu ya viatu," alisema.

"Ulifanya nilivyokufundisha," Kipyegon alimwambia.

Kisha alianza kumzungumzia Mosoti: jinsi alivyokuwa akiimba akipiga deki, jinsi alivyoahidi, mahali alipogongwa. Alisema kutoka kwetu mpaka Kericho ni barabara tupu. Alisema wenye gari lile wanamjua, yeye hawajui. Nilidhani ameamua kutokwenda, na sikuona kosa lake.

"Mimi naogopa, Mama Nelvine," alimwambia mkewe mwishowe. "Nisikudanganye."

"Hata mimi, Baba Nelvine. Lakini ukienda tunaenda wawili. Wakitaka kukugonga, wanigonge na mimi nikiwaangalia."

Kipyegon alitoka kwenda kumfunga ng'ombe, nami nikarudi kwangu.

Kesho yake asubuhi mvua ilikuwa imekatika, ukungu umekaa bondeni. Kipyegon alikama, akapeleka maziwa kwa mama yake, akavaa koti lake la kanisani na gambuti. Yeye na Phyllis hawakupita ndani ya chai; walipanda njia ya magari. Nilimwona kutoka shambani kwangu. Alisimama ukingoni mwa lami, mahali peupe, mkewe ubavuni, akigeuza kichwa kwa kila mlio. Land Rover moja ilipita polepole. Aliushika mkono wa Phyllis, lakini hakuchuchumaa. Gari la abiria lilipokuja nyuma ya Land Rover hiyo, alinyoosha mkono likasimama, wakapanda kwenda Kericho.